Jogoo wa jirani ndiye aliyenipatia wasikilizaji

Mwaka wangu wa kwanza kughani mashairi ya Biblia mtandaoni nilikuwa na wasikilizaji 12, wanne wao ndugu zangu. Nilikodi mpiga picha, nikaazima suti, tukapanda mlima Loleza hapa Mbeya, nikaghani shairi la dakika 8, mizani 16 kila mshororo, vina havitikisiki. Mama akanipigia: "Mwanangu, bando limekata ubeti wa tano. Huyo mwana mpotevu alifika nyumbani?"

Nikaachana na video. Nikaanza kutuma sauti tupu WhatsApp, beti nne, dakika moja na nusu. Nilirekodi alfajiri nimejifunika blanketi gubigubi, maana chumba cha bati na saruji kina mwangwi wa pipa.

Wiki moja ya Pasaka naghani Petro anaota moto uani kwa kuhani mkuu. Namaliza tu kumkana Bwana mara ya tatu, jogoo wa jirani akawika. Nilitaka kufuta. Nikasikiliza tena, nywele zikanisimama, nikaituma kundi la kwaya jinsi ilivyo. Jioni dada mmoja wa Songea, simjui hanijui, akaandika: "Huyo jogoo mmemlipa shilingi ngapi?"

Hapo ndipo watu walipoanza kuja, wachache wachache. Sikuwabembeleza wabonyeze kitu. Nilimjibu kila mmoja, nikauliza niandike juu ya nani. Wanaume walitaka Daudi na Goliathi. Kina mama wakamtaka Hajiri, mjakazi aliyefukuzwa na Abrahamu pamoja na mwanawe, na mama mmoja akanirekodia jinsi yeye mwenyewe alivyofukuzwa, mtoto mgongoni. Shairi lile niliandika wiki tatu. Sikuweza kupita pale Hajiri anapomlaza kijana kichakani, akaenda kuketi mbali kadiri ya mtupo wa mshale, asimwone akifa.

Mzee mmoja wa kanisa aliniita. "Kijana, haya ni mahubiri au maigizo?" Nikamfungulia Zaburi ya 119: beti 22, kila ubeti mistari 8, na kila ubeti una herufi yake ya Kiebrania. Akahesabu kwa kidole, akavua miwani. "Haya, Jumapili uje. Ila dakika tatu, zisizidi."

Jogoo alichinjwa Krismasi. Jirani alinialika, nikabeba mchele kilo mbili, nikapewa shingo.