Kidogo kinapita, kikubwa hakipiti: klasta yetu kati ya Lubumbashi na Kolwezi

Ninatunza programu ya stoku ya depo ya dawa hapa Lubumbashi. Depo kuu iko mjini, tawi liko Kolwezi, kilomita 300 hivi kwa barabara. Programu yenyewe iko ndani ya kontena (vifurushi vya programu) zinazopangwa na Kubernetes juu ya kundi la seva, yaani klasta. Kila seva inaitwa nodi: nodi kadhaa huku, moja kule, karibu na wenzetu wa tawi. Ruta za ofisi zote mbili zinaongea kwa WireGuard, njia ya siri (VPN) kati yao.

Nodi ya Kolwezi ilipoingia kwenye klasta, `kubectl get nodes`, amri ya kuangalia nodi, ilionyesha Ready (iko tayari) na podi zote, yaani vifungu vya kontena ambavyo Kubernetes inaviendesha, zikawa zinatembea. Kisha mama anayesimamia tawi akapiga simu: "Papa, kuingia ninaingia. Lakini nikifungua orodha ya dawa, inazunguka tu mpaka inachoka."

Maneno yake yalinisaidia kuliko logi zote. Kama laini ingekuwa imekatika, hata kuingia asingeingia. Kama DNS ya klasta, inayogeuza majina kuwa anwani, ingekuwa mbovu, programu isingeipata hifadhidata kwa jina lake. Kuingia ni data kidogo, orodha ni data nyingi. Kwa hiyo niliacha Service na kube-proxy, sehemu za Kubernetes zinazoelekeza maombi kwa podi, zikae zilivyo, nikaenda kupima ukubwa wa pakiti.

Kubernetes inataka kila podi iwe na anwani yake ya IP na iweze kuongea na podi yoyote nyingine bila kubadilishiwa anwani njiani. Kwetu kazi hiyo inafanywa na Flannel, programu ya mtandao wa podi: mtandao wa podi ni 10.244.0.0/16, kila nodi inapewa sehemu yake ya anwani, /24. Ruta za ofisi hazizijui anwani hizo, ndiyo maana Flannel inaifunga kila pakiti ya podi ndani ya pakiti nyingine, kwa VXLAN, na kuituma kwa UDP, mlango 8472. Kufunga huko kunakula baiti 50. Kadi ya mtandao ya seva inabeba pakiti za hadi baiti 1500, basi Flannel ikazipa podi 1450. Hesabu ni sahihi kwa inachokiona. Isichokiona ni kwamba mbele, kwenye ruta, WireGuard inabeba 1420 tu.

Nilifungua podi yenye ping kamili (amri ya kutuma pakiti na kungoja jibu), nikailenga podi ya Kolwezi; `-M do` inakataza pakiti ya podi isikatwe, `-s` ni ukubwa wa data:

`ping -M do -s 1342 10.244.3.17`

Majibu yakaja vizuri. Nikaongeza baiti moja tu, 1343: kimya. Hakuna jibu, hakuna hata ujumbe wa kosa. Ukijumlisha 1342 na 28 za vichwa vya ICMP na IP unapata 1370. Ongeza 50 za VXLAN, unafika 1420 kamili. Nilipoiona namba hiyo nilijua niko mahali penyewe.

Lakini kwa nini kimya? Katazo hilo ni la pakiti ya ndani tu; pakiti ya nje ya VXLAN inaruhusu kukatwa, kwa hiyo ruta ilikuwa inaikata vipande viwili na kuvituma vyote. Kule Kolwezi kuna faiawoli inayoruhusu milango tuliyoitaja tu, na namba ya mlango imeandikwa katika kipande cha kwanza peke yake. Cha pili kinafika bila namba, kinatupwa. Kernel (kiini cha mfumo) ya nodi inakingoja sekunde 30, kisha inatupa na cha kwanza. Ukitumia tcpdump kuangalia pakiti zinazopita, usichuje kwa mlango, maana kipande cha pili hutakiona kamwe. Chuja kwa anwani ya nodi. Mimi nilithibitisha kwenye nodi ya Kolwezi kwa `nstat -az IpReasmFails`, inayohesabu pakiti ambazo vipande vyake vilishindwa kuunganishwa: kila ping kubwa niliyotuma, baada ya muda namba ilipanda.

Kutengeneza hakukuwa na ugumu. Katika mipangilio ya Flannel nilitaja kwamba njia ya nje ni 1420, ili podi zibaki na 1370, kisha nikaiwasha upya kwenye nodi zote. Angalieni hapa: podi iliyokuwa inatembea tayari inabaki na kipimo cha zamani, kwa sababu inakipata siku inapoundwa. Nilitumia `kubectl rollout restart`, inayounda podi upya, kwa kila Deployment (kundi la podi za programu moja), hifadhidata nikaiacha mpaka jioni depo ilipofungwa. Asubuhi mama wa Kolwezi alifungua orodha nzima bila kungoja.

Mwenzangu aliuliza kwa nini nisingeomba faiawoli iruhusu vipande, basi. Ingewezekana, na mambo yangetembea. Lakini kila pakiti kubwa ingekuwa mbili, na kikipotea kipande kimoja pakiti nzima inatumwa upya. Kwenye laini ya huku kwetu, inayoyumba kila mvua ikinyesha, napendelea pakiti inayotosha njia yake tangu inapotoka kwenye podi.