Shikamoo ya fremu 17

Mwaka 2019, katika studio moja ya kuingiza sauti pale Sinza, Dar es Salaam, kijana wa tamthilia ya Kituruki tuliyokuwa tunaiingizia sauti ya Kiswahili aliingia sebuleni kwa babu yake baada ya kupotea miaka mingi, akasema: "Hujambo, babu." Mwongozaji msaidizi siku hiyo nilikuwa mimi. Mstari ule ulipita mikononi mwangu mara tatu, kwenye karatasi, kwenye mazoezi na kwenye kurekodi, na mara zote tatu niliuwekea tiki.

Tamthilia hizi hutufikia zimeshachanwa. Kwao Uturuki sehemu moja huweza kupita saa mbili. Zinazouzwa nje hukatwa vipande vya dakika 45 hivi. Unapokea picha, unapokea traki ya muziki na milio isiyo na maneno, yaani milango, nyayo na vijiko kwenye vikombe, kisha unapokea maandishi ya Kiingereza. Kwenye Kiingereza ndipo undugu unapopotea. Mturuki ana "dayı" na "amca" kama sisi tulivyo na mjomba na baba mdogo. Ana "teyze" kwa upande wa mama na "hala" kwa upande wa baba, yaani mama mdogo au mkubwa, na shangazi. Ana "sen" ya mtu wa rika na "siz" ya heshima. Kiingereza kinakuletea neno moja kwa kila jozi, kisha kinakuongezea jambo ambalo hukuliomba, kwamba yeye huyu ni wa kike au wa kiume, wakati Kituruki na Kiswahili vyote viwili havijali. Siku nikipewa fedha ya kuajiri mtu mmoja zaidi, nitamtafuta anayejua Kituruki kabla sijafikiria maiki mpya.

Basi Kiingereza kilikuwa kimeandika salamu isiyo na umri, mfasiri akaandika "Hujambo", nami nikahangaika na midomo.

Picha ilikwenda kwa fremu 25 kwa sekunde, yaani picha moja moja zinazofuatana, kila fremu milisekunde 40. Sauti ikipishana na mdomo kwa fremu 2 wengi hawagundui. Zikifika 3 au 4 mtazamaji anaanza kuchoka bila kujua kinachomchosha. Anayeingiza sauti husikia milio mitatu kwenye hedifoni, na pale ambapo mlio wa nne ungelia, ndipo anaanza kusema. Herufi ninazozilinda ni m, b na p, kwa sababu midomo lazima ifumbe, halafu f na v. Vokali zinasameheka. Kwenye picha kijana alisema "Merhaba, dede", mdomo umefumba tangu fremu ya kwanza kwa ile m, ukafumba tena karibu na fremu ya 11 kwa ile b. "Hujambo" inaanza mdomo uko wazi. Hapo nilipaswa kushtuka. Badala yake nilimwambia fundi sauti aisogeze mpaka "mbo" ikae juu ya "ba", ikakaa vizuri, tukafurahi.

Kosa la pili lilikuwa la ratiba, na hili ni langu peke yangu. Kila mwigizaji huingia chumbani peke yake na kurekodi mistari yake yote ya sehemu hiyo. Kijana wetu alikuwa na mistari 96, na katikati palikuwa na ugomvi wa gereji, wa kupiga kelele dakika nzima. Nilipanga kwa kufuata mtiririko wa hadithi. Haipangwi hivyo. Unaanza na maneno ya kawaida, unafuata minong'ono na kilio, kelele unaziweka mwisho, kisha mtu anakwenda nyumbani kunyamaza. Wakati wa kelele unamrudisha hatua moja kutoka kwenye maiki na kumgeuza uso kidogo, sauti isipasuke; kwa maneno ya kawaida sentimita 20 zinatosha. Yeye alipiga kelele saa 4 asubuhi kisha akaendelea na mistari 40. Saa 6 mchana alipotoka, koo lilikuwa limekwaruzika, anaongea kama mtu aliyelala kwenye vumbi. Nilimpa maji ya uvuguvugu nikamruhusu aondoke.

Saa 9 alasiri akaja mzee wa kuingiza sauti ya babu. Nilimpokea mlangoni kwa shikamoo, akaitika marahaba, tukaingia ndani kumsikiliza mjukuu wake akimwambia hujambo.

Alivua hedifoni, akaziweka juu ya stendi taratibu.

"Mwanangu, huyu kijana amelelewa wapi?"

Nikamweleza kwamba maandishi ndivyo yalivyokuja.

"Sawa. Lakini mtu wa umri huu akiniambia hujambo, mimi nitamjibu sijambo, na hapo ugomvi wa nyumba hii umeanza. Nyinyi hapa mmeniandikia nimkumbatie."

Hakuwa anagoma. Alikuwa anaisoma mandhari vizuri kuliko nilivyoisoma. Tukarudisha picha, safari hii bila sauti ya Kiswahili, tukasikiliza Kituruki chenyewe. Kijana: "Merhaba, dede." Babu: "Merhaba, oğlum." Mzee akacheka mpaka akakohoa. Neno la babu lilikuwa letu tangu mwanzo, mmoja ameliokota kwa Mwarabu akaenda nalo kaskazini, mwingine akaja nalo pwani. Tofauti ni kwamba kwao kila mtu hulitumia, na kwetu marahaba ni ya aliyeamkiwa tu. Kwenye neno hilo mdomo wa babu ulikuwa na silabi tatu. Akasema "Marhaba, mwanangu", a ya pili ameimeza kama wazee wengi wanavyoimeza, na mara ya kwanza tu tukaipata.

Ikabaki ya kijana. "Shikamoo" kwa "Merhaba" haiingii: m ya shikamoo iko mwishoni, na neno linafungwa na midomo imeviringika wakati kwenye picha iko wazi. Mstari wote ulikuwa fremu 31. Tukauhesabu fremu moja moja, na kwenye fremu ya 14 kijana anainama kuubusu mkono wa babu na kuugusisha kwenye paji la uso, kama wafanyavyo Waturuki kwa wakubwa. Tangu hapo mdomo hauonekani. Kwa hiyo "Babu" inaingia kwenye fremu 14 za mwanzo, b ya kwanza juu ya m, b ya pili juu ya b, a ikivutwa kidogo katikati. Fremu 17 zilizobaki ni za shikamoo, iliyofichwa nyuma ya mkono.

Mwenye sauti hakuwa na sauti, na kipande kilitakiwa kituoni kesho yake saa 4 asubuhi. Katika tamthilia hiyo mimi nilikuwa daktari, dereva wa teksi na nusu ya kila umati. Kumsemea mhusika mkuu hairuhusiwi, sikio la mtazamaji linamjua. Ila mnong'ono hauna sauti nene wala nyembamba, ndiyo maana watu hufanana wanaponong'ona. Tukazima kiyoyozi. Niliinamisha kichwa, nikaweka kiganja sentimita 5 mbele ya mdomo, nikasema nusu kwa pumzi. Mara tatu, tukachukua ya pili. Fundi akapunguza makali ya juu kidogo, akaiweka chini ya mlio wa nguo uliokuwamo kwenye traki ya milio. Mzee aliisikiliza macho yamefumba, akasema huyu sasa ana kwao.

Badiliko hilo niliandika kwenye daftari langu. Jina la faili la asubuhi sikuligusa, wala sikulihamisha. Siku hizi kila faili lina namba ya sehemu, ya mstari na ya toleo, na yaliyokataliwa yanakwenda kwenye folda inayoitwa USITUMIE. Wakati ule hatukuwa nayo.

Sehemu tatu baadaye, "yaliyojiri" ya mwanzoni ikairudia mandhari ile ya sebuleni. Zamu ilikuwa ya fundi mwingine. Usiku mama akanipigia kutoka Tanga.

"Yule kijana wenu, juzi si alimwamkia babu yake vizuri tu? Leo kapatwa na nini?"