Ameniita jirani

Makinohara, Japani, Mei 1876

Siku ya tatu leo, neno moja limenikaa kooni. Tulikuwa tunachuma chai, mchumo wa kwanza wa mwaka, na yule mzee wa mto alikuwa mstari wa pili kutoka kwangu. Akasimama, akaitazama mikono yangu, akasema, "Jirani, unang'oa. Chipukizi na majani mawili, basi. Tena kwa ncha za vidole."

Jirani!

Zamani alikuwa mpagazi wa mto Oi, enzi za utawala wa ukoo wa Tokugawa, pale hapakuwa na daraja na msafiri alivushwa mabegani mwa watu. Mimi, nikiwa samurai, alinivusha mara mbili. Nilikaa shingoni mwake, panga zangu mbili nimezinyanyua zisilowe, maji yanamfika kifuani. Tulipofika ng'ambo aliinama hadi paji la uso likagusa mchanga. Jina sikumuuliza.

Na juzi nikamjibu nini? "Najua." Sijui chochote. Usiku kucha nimetunga majibu, na kila moja linaanza na cheo cha marehemu baba.

Tangu majimbo ya mabwana yafutwe mwaka 1871 sina wa kumtumikia, na Machi hii tumepigwa marufuku kutembea na panga. Zangu nimezifunga kitambaani, zipo darini. Hata hilo halikunichoma hivi.

Leo nimewahi shambani peke yangu, nikajaribu alivyosema. Ukilikunja kidogo, jani linakatika lenyewe. Ukucha wa gumba umeshakuwa mweusi kwa utomvu. Tulikuja na kiongozi wetu, Chūjō Kageaki, mwaka 1869 kufyeka nyika hii isiyo na maji, tukajiona ndio wenye msiba. Mwaka uliofuata mashua zikaruhusiwa mtoni, wapagazi wakakosa kazi, baadhi yao wakaja huku huku kulima. Mimi bwana wangu simwoni tena. Wao mto wao upo palepale, wakisogea ukingoni wanauona.

Mzee alipofika akatia mkono kapuni mwangu, akanusa kiganja, akatikisa kichwa kukubali, akaendelea na mstari wake. Nikabaki nimesimama, nangoja aniite tena vile vile. Hakuniita. Kesho nitamuuliza jina.

Mama hajagusa uji tangu juzi. Anasema haumwi popote, lakini jana mara mbili ameniita kwa jina la kaka.