Kamba ya Kwanza

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Wiki hii zamu yangu ilikuwa kuandika juu ya utoaji. Nimeshindwa. Kila nikifungua Mathayo 5 nisome habari ya sadaka, macho yananikwama hapa: "na huku ukikumbuka ya kuwa ndugu yako ana neno juu yako..." Hapo nafunga Biblia. Nakumbuka vizuri sana. Mdogo wangu ana neno juu yangu, na tangu Pasaka ya mwaka jana hatujasemezana.

Jumatatu usiku binti yangu alikuwa akitazama kwenye simu habari za Wainka, wale wa milima ya Andes kule Peru. Nikaketi naye, nikiikimbia kalamu. Nilitegemea kuona dhahabu na magofu ya Machu Picchu. Nikaona kikao cha ukoo wetu.

Mfalme wao Huayna Capac alifariki karibu mwaka 1527. Himaya yake waliiita Tawantinsuyu, yaani sehemu nne zilizo pamoja, na ilianzia kusini mwa Kolombia ya leo ikafika katikati ya Chile. Wanahistoria wengi wanaona alikufa kwa ndui, ugonjwa uliovuka bahari na Wazungu ukafika kwake kabla yao. Mrithi aliyetarajiwa akafa naye. Wakabaki wana wawili wa mama tofauti: Huascar kule Cusco, mji wao mkuu, kwenye kiti cha enzi, na Atahualpa kaskazini, upande wa Quito, akiwa na majemadari wa baba yake.

Sasa sikieni desturi yao. Mfalme akifa, mwili wake ulikaushwa, ukavishwa, ukaletwa kwenye sherehe kana kwamba yu hai. Mashamba yake, majumba yake na watumishi wake viliendelea kuwa vyake, chini ya uangalizi wa ukoo wake. Mfalme mpya alirithi kiti tu. Mali akaitafute mwenyewe. Pedro Pizarro, mmoja wa Wahispania waliofika huko, aliandika kwamba Huascar alichukizwa na jinsi wafu walivyohodhi mazuri yote ya nchi. Nilicheka, kisha nikanyamaza. Kihamba chetu, yaani shamba la ukoo, mpaka leo kinajulikana kwa jina la baba, na baba tulimzika miaka saba iliyopita.

Ndugu hao walipigana hadi mwaka 1532. Atahualpa akashinda, Huascar akakamatwa. Wakati huohuo Francisco Pizarro, kiongozi wa Wahispania, alikuwa anapanda milima na watu 168 tu. Tarehe 16 Novemba 1532, pale mjini Cajamarca, wakamkamata mshindi mwenyewe. Akiwa kifungoni, akiahidi kujaza chumba dhahabu ili aachiliwe, Atahualpa alitoa amri ndugu yake auawe, asije akapatana na Wahispania. Huascar akauawa. Dhahabu ikaletwa. Mwaka 1533 Wahispania wakamuua na Atahualpa.

Sisemi himaya ile iliangushwa na ugomvi wa ndugu peke yake. Yalikuwepo maradhi, farasi, panga za chuma, na makabila yaliyokuwa yamechoka kutawaliwa na Cusco. Lakini mgeni alikuta mlango umeshavunjwa na wenye nyumba.

Niwaambie langu sasa, maana nimelificha vya kutosha. Mdogo wangu ndiye kitinda mimba, na kwa mila yetu Wachagga nyumba ya baba ni yake. Mimi niko mjini. Mwaka jana nilipanda nyumbani na fundi wa kupima ardhi, nikamwelekeza kwenye mstari wa masale, ile mimea ya mpakani, tukaanza kuvuta futi. Sikumwambia mdogo wangu. Alirudi kutoka sokoni akatukuta katikati ya migomba yake. Hakupiga kelele. Aliuliza tu, "Kaka, ungenipigia simu ungepungukiwa nini?" Nikamjibu kwa ukali, mbele ya yule fundi, maneno ambayo mzee wa kanisa hapaswi kuyatamka. Ibada ya Pasaka tulikaa mabenchi mawili tofauti, na wote wawili tulikwenda Mezani pa Bwana.

Filamu ile ya binti yangu haikuishia Cajamarca. Ilionyesha daraja moja liitwalo Q'eswachaka, juu ya mto Apurímac, katika jimbo la Cusco. Ni daraja la nyasi. Wainka walikuwa na barabara za kilomita zipatazo 30,000 bila gari la magurudumu, na mahali pa makorongo walivusha watu kwa madaraja ya kamba za majani. Hili limebaki. Urefu wake ni kama mita 28. Kila mwaka, mwezi Juni, jamii nne za Waquechua, wenyeji wa milima hiyo, wanaoishi pande mbili za mto hukutana kulisuka upya. Majani huvunwa, hupondwa kwa mawe, huloweshwa. Wanawake husokota kamba nyembamba, kila familia na fungu lake. Kamba nyembamba husokotwa pamoja kuwa nene, nene husukwa kuwa kubwa kuliko mkono wa mtu. Nne ni za kukanyagia, mbili za kushikia. Siku tatu kazi, siku ya nne sherehe. Wao humtolea Pachamama, mungu wao wa ardhi, sadaka kabla ya kuanza. Hapo hatuko pamoja nao. Lakini bidii yao inanihukumu.

Na hapo karibu lipo daraja la chuma. Magari yanapita. Wangeweza kusema, shida ya nini?

Hilo ndilo lililonichoma. Kila mwezi natuma hela ya dawa za mama kwa simu, inaingia kwa mdogo wangu, naye anamnunulia mama dawa. Hajawahi kukosea hata shilingi. Daraja la chuma linafanya kazi. Mwaka mzima nimejiambia kwamba kwa kuwa hela inavuka, basi ninatimiza wajibu. Mama aliniambia mwezi uliopita, "Simu zenu zote mbili zinaita kwangu. Mbona zenyewe haziitani?"

Mwaka 2020, kwa sababu ya Korona, hawakulisuka. Machi 2021 likaanguka mtoni. Hakuna aliyelikata. Liliachwa tu mwaka mmoja, jua na mvua vikamaliza. Wapendwa, wangapi kati yetu tunasema, "Mimi sina ugomvi na mtu, tumenyamaziana tu"? Unaimba kwaya na mwenzio sauti moja, ukishuka ngazi unapita mlango mwingine. Unaombea amani Kongo, na shemeji yako hujamsalimia tangu msiba. Acheni kuita kunyamaza uvumilivu! Maandiko yanasema jua lisichwe na uchungu wenu bado haujawatoka; sisi tumeachia masika yakapita, na vuli, na masika tena. Na wewe mwenye haki kwenye kesi yako, huenda kweli unayo. Bwana hakusema nenda kama umekosa. Alisema iache sadaka, uende zako.

Juni 2021 walilisuka tena. Safari hii kulikuwa na watu kila upande na pengo tupu katikati, wakirushiana kamba. Huwezi kuanza na kamba nene, haifiki ng'ambo. Kwanza nyembamba, kisha hiyo inavuta nzito zaidi. Nimekuwa nikitunga hotuba ndefu ya upatanisho, yenye mistari ya Biblia na maelezo ya kwa nini nilimleta yule fundi. Nimeifuta. Jana nilimtumia mdogo wangu maneno manne: "Mdogo wangu, nilikukosea. Nisamehe." Ameyasoma. Hajajibu.

Jumamosi napanda nyumbani. Kwetu mtu akienda kuomba msamaha hubeba jani la isale, na isale hilohilo ndilo tunalopanda mpakani. Nitakata moja kwenye ule mstari niliouvutia futi, nisimame uani, nipige hodi. Mniombee kuanzia saa nne asubuhi, maana basi huwa linafika muda huo.