Kuficha sura hakutoshi: nilivyojifunza kusimulia makala za kijamii

Nilipoanza kusimulia makala za televisheni, kila mkubwa kazini aliniambia kazi yote ni sauti. "Ikaze, soma kama taarifa ya habari." Ushauri ule ulinipotezea karibu miaka miwili, na bado unaniudhi.

Kilichonifunza kazi ni makala ya ndoa za utotoni tuliyorekodi Shinyanga. Sheria ya Ndoa ya 1971 iliruhusu binti wa miaka 15 kuolewa wazazi wakiridhia, huku mvulana akisubiri 18. Mahakama Kuu ilikuwa imeshasema, mwaka 2016, kwamba hilo ni kinyume cha Katiba, lakini rufaa ilikuwa haijaamuliwa.

Binti aliyezungumza nasi tulimwahidi hatajulikana. Mpigapicha alikaa nyuma yake, na pale alipogeuka mhariri akafifisha uso. Nikaona yameisha. Siku ya kuitazama kabla ya kwenda hewani, dereva wetu, mwenyeji wa huko, alikuwa amesimama mlangoni na kikombe cha chai. Akasema, "Si yule binti wa jirani na mashine ya kusaga?" Mlango wa bati ulionekana. Maandishi ya khanga yalisomeka. Na sauti ilikuwa yake ileile. Nilitetemeka. Tuliiondoa kwenye ratiba usiku uleule, na ukweli nililazimika kugombana sana.

Tulirudi. Mafuta na malazi yalifika kama laki tatu na ushee, nyingine mfukoni mwangu. Safari hii tulirekodi kwenye nyumba nyingine, mbali na kwao, akiwa amejitanda shuka lisilo na neno. Kamera ilichukua kivuli chake ukutani na mikono ikichambua mchele, basi. Pete na hina hutambulisha mtu kuliko pua, viangalieni. Maneno yake akayasoma msichana mwingine, na watazamaji tukawaambia hivyo waziwazi.

Kabla ya kurusha nilimsomea kwa simu maelezo yangu yote, jambo ambalo sasa siliachi kamwe. Alisikiliza kimya hadi mwisho, kisha akanirekebisha neno moja. "Dada, umesema niliolewa. Mimi niliozwa."

Nikarudi studio, nikarekodi upya kuanzia sentensi ya kwanza.