Maneno Mawili

Mwaka 2014, nilipoitwa kwenye tamthilia yenye skripti, nilikuwa nimeshauza sura kwenye filamu za Kibongo kwa muda mrefu. Tulikuzwa kwa mtindo wa Kaole, kundi la maigizo ya ITV walikotokea mastaa kina Kanumba na Ray. Dairekta anakusimulia kisa: "Wewe mke mkubwa, huyu kaolewa jana, haya gombaneni." Kamera inawashwa, maneno utajua mwenyewe. Filamu ilipigwa siku chache, na fungu la kumlipa mwandishi halikuwepo. Mwenye mdomo ndiye aliyekula sini, kipande kizima kikawa chake.

Sasa nikakabidhiwa karatasi. Mama mkwe ananisema ukurasa mzima, mimi nina "Sawa, mama." Basi. Zamani ningemjibu mpaka majirani watoke nje!

Aliyeigiza mama mkwe alikuwa mkongwe wa michezo ya jukwaani, na kusoma kulimpa tabu. Wala hakuficha. Mjukuu wake alimrekodia mistari yote kwenye simu, akawa anaisikiliza huku anapika. Siku ya kupiga aliitoa kama ilivyoandikwa, hata "lakini" moja haikupotea. Tulirudia sini ile kamera ikiwa mbali, kisha nyuma ya bega langu, kisha usoni kwake. Kila mara maneno yale yale, na kikombe kinatua mezani kwenye neno lile lile. Hapo nikaelewa kwa nini filamu zetu zilijaa picha ndefu za watu wamesimama wawili wawili. Kila tukirudia tulisema mengine. Mhariri angeunganisha nini na nini?

Ikafika zamu ya uso wangu. "Usiongeze kitu," dairekta akaniambia. "Msikilize tu."

Mama hakuwa anaonekana tena kwenye picha. Angeweza kwenda kunywa chai, nikasomewa mistari yake na kijana yeyote wa seti. Wapo mastaa wanaofanya hivyo, tena bila aibu. Yeye alibaki pembeni ya kamera, akanisema upya ukurasa mzima kwa hasira ile ile, mishipa ya shingo imemtoka. Machozi yalinijaa bila kitunguu.

"Sawa, mama."

"Kata!"

Akajifuta jasho na ncha ya khanga, akanitazama juu mpaka chini.

"Mwanangu, mimi nimekauka koo hapa, wewe maneno mawili, na posho yetu moja. Leo chai unanunua wewe."