Slaidi za Msimbazi

Injinia aliniwekea flashi mezani Ijumaa saa kumi jioni, wakati watu wa Posta wameshaanza kugombania magari ya kurudi nyumbani. "Mdogo wangu, kila idara imeleta slaidi zake. Ziunganishe ziwe kitu kimoja. Jumanne tuko Magomeni na wenyeviti wa mitaa."

Ilikuwa mwaka 2018. Ofisi yetu ya Kinondoni ilikuwa ndogo, na kazi ya mifereji ya bonde la Msimbazi ndiyo iliyokuwa inatulisha. Mto huo unaanzia milima ya Pugu, unakatiza katikati ya jiji la Dar es Salaam na kumwaga baharini karibu na daraja la Selander. Mwaka mzima unaweza kuuona kijito cheusi chenye mifuko ya plastiki, ukaudharau. Waliokuwepo Desemba 2011 hawaudharau. Maji yalipanda mpaka watu wakakaa juu ya mapaa, na familia nyingi za bondeni zikahamishiwa Mabwepande. Mkutano wa Magomeni ulikuwa na watu wa aina hiyo. Hawakuwa wanakuja kujifunza mafuriko ni nini.

Nilipounganisha yale mafaili nikapata slaidi 210. Za uhandisi zilikuwa na mandhari ya bluu, za jamii zilikuwa na picha za kina mama wakihojiwa vibarazani, na za fedha zilikuwa majedwali yenye herufi ndogo kama za karatasi ya dawa. Ule mstari wa slaidi ndogondogo upande wa kushoto ukawa hauna mwisho. Ukitaka kupeleka slaidi ya 190 mahali pa 12, unaishika na kuiburuta huku skrini inakimbia. Kidole kikiteleza imeangukia 77, na unaanza kuitafuta.

PowerPoint, programu tunayotengenezea slaidi, ina dawa ya hilo tangu toleo la 2010, ila watu wengi ofisini kwetu walikuwa hawajawahi kuigusa. Unabofya kulia kwenye nafasi iliyo kati ya slaidi mbili, unachagua kuongeza sehemu, unaipa jina. Kuanzia hapo slaidi zote zilizo chini yake ni za sehemu hiyo mpaka utakapokata nyingine. Ukibofya jina, zinachaguliwa zote kwa pamoja. Ukiikunja, inabaki mstari mmoja wenye jina, na pembeni mabano yenye idadi ya slaidi. Ukishika huo mstari na kuupandisha, kundi zima linapanda nao. Msikilizaji ukumbini haoni lolote kati ya hayo. Tahadhari ni moja: kwenye kufuta, kuna chaguo la kuondoa sehemu peke yake na lingine la kuondoa sehemu pamoja na slaidi zake, na yamekaa jirani.

Injinia alitaka sehemu tatu: Uhandisi, Jamii, Fedha. Nikakata hivyo Jumamosi asubuhi. Mhasibu wetu, mama wa makamo ambaye alikuja kufunga hesabu za mwezi, alisimama nyuma yangu na mfuko wa mihogo ya kukaanga.

"Hizo idara ni za kwenu humu ndani," akasema. "Kule kuna mtu atauliza kuhusu idara?"

"Watauliza nini, mama?"

Alikuwa amekulia Kigogo, hukohuko bondeni, na ndugu zake bado wako huko, kwa hiyo hakufikiri sana. "Maji yanatoka wapi safari hii. Nyumba zipi zinaguswa. Nani analipwa, na lini. Mifereji ikishajengwa, nani ataizibua." Akala muhogo. "Watu wamebomolewa 2015 na X nyekundu wameziona ukutani. Wewe uwaletee Uhandisi?"

Nikafuta zile sehemu tatu, nikabakisha slaidi, nikakata upya kwa maswali yake manne. Ilinibidi nitenganishe slaidi za injinia zilizokuwa zimefuatana, kwa sababu nyingine zilieleza mkondo wa mto na nyingine zilikuwa ramani za nyumba. Kutazama slaidi zote kwa pamoja, zimepangwa safu kwa safu chini ya kila jina, kulisaidia sana. Jioni nilipokunja kila kitu, skrini ilibaki na mistari minne tu:

Maji yanatoka wapi (138)
Nyumba zipi zinaguswa (27)
Nani analipwa, lini (4)
Mifereji nani ataizibua (41)

Jumatatu nilimwonyesha injinia bila kusema neno. Alivua miwani, akaivaa tena. Mimi naamini kabisa ningemwambia kwa mdomo kwamba hatujaandika kitu kuhusu fidia, tungebishana mpaka jioni. Ile 4 kwenye mabano haikubishika.

"Lakini vipimo vyangu ni data, mdogo wangu. Data haitupwi."

"Haitupwi bosi, inahamia nyuma."

Nikafungua sehemu ya tano mwisho kabisa, nikaiita Akiba. Slaidi 118 za mkondo wa maji zikaenda huko, zimekaa baada ya ile ya "Asanteni kwa kunisikiliza", anayezitaka atafunguliwa. Ya maji ikabaki na 20, na jalada likiwemo. Fidia nikaipandisha ikawa ya pili. Mwisho, baada ya mpangilio kutulia, nikaandika kwenye kadi namba ya slaidi inayoanza kila sehemu. Ukiandika hiyo kadi mapema unajisumbua, namba zinabadilika kila ukihamisha kitu.

Ukumbini Magomeni feni zilizunguka bila faida. Injinia alikuwa ndiyo kwanza anamaliza salamu za itifaki, mzee mmoja mwenye kofia ya kiua akasimama. "Mwanangu, tusichoshane. Anzia kwenye malipo."

Injinia akanigeukia. Nikatazama kadi, nikapiga 21 kwenye kibodi, nikabonyeza Enter, na "Nani analipwa" ikafunguka ukutani bila kupitisha ramani hata moja mbele ya watu. Ukumbi ukanyamaza kidogo, kisha maswali yakaja kama mvua ya masika.

Mtendaji aliomba nakala kabla hatujatoka. Kuprinti zote ingekuwa kichekesho, lakini kwenye kuprinti unaweza kuchagua sehemu moja peke yake. Nikavuka barabara hadi stationari, nikatoa ile ya fidia tu, slaidi mbili kwa ukurasa. Yule mzee akapokea ya kwake, akaisogeza mbali na macho, akaisoma yote kwa kidole.

"Hapa," akamwambia injinia, "mmesema atalipwa kulingana na thamani. Thamani ya nani? Ya mwaka gani?"

Injinia alitoa kalamu akaandika swali hilo pembeni ya nakala yake. Tuliporudi mtaani kwao wiki iliyofuata, sehemu ya fidia ilikuwa na slaidi 13, na tisa za nyongeza aliziandika mhasibu.